Kiungo aliyeomba kima cha chini

Mwaka 2005 klabu ya AS Roma ilimsainisha mchezaji wake mkongwe kwa mshahara wa euro 1,500 kwa mwezi. Narudia, kwa mwezi. Ndicho kilikuwa kima cha chini cha mchezaji wa kulipwa Italia, na aliyekiomba ni mchezaji mwenyewe. Alishakuwa bingwa wa ligi, alishacheza Kombe la Dunia, na wenzake kwenye chumba cha kubadilishia nguo walikuwa wanavuta mamilioni. Ila yeye goti lake lilikuwa limechanika, msimu mzima hajagusa mpira wa mashindano, mkataba umekwisha, na akaona si haki klabu imlipe ustaa kabla hajaonyesha kama mguu unarudi.

Jina lake ni Damiano Tommasi. Tangu 2022 ndiye meya wa Verona, mji ninaoishi na kufanyia kazi.

Mimi ni mtu wa ghala. Nashusha na kupakia mizigo Quadrante Europa, lile eneo kubwa la treni na malori nje ya mji, ambako bidhaa zikitoka Ujerumani kupitia milima ya Alps hupangwa upya na kuendelea na safari. Euro 1,500 ni hela tunayoijua vizuri, maana ndiyo inayozungukia kwenye karatasi zetu za mshahara, zile tunazoziita busta paga. Ndiyo maana habari za Tommasi zikianza wakati wa mapumziko, huwa hatuanzii kwenye magoli. Tunaanzia hapo kwenye mshahara.

Nikipiga simu nyumbani, vijana hawamjui. Kiungo wa Italia kwao ni Pirlo, au Gattuso kwa wale wanaopenda ugomvi. Hata mimi nilimfahamu kwa jambo moja tu, tena la maumivu. Tarehe 18 Juni 2002, Jumanne, saa nane na nusu mchana kwa saa za kwetu, Italia dhidi ya Korea Kusini mjini Daejeon. Kibanda umiza kilijaa watu ambao walitakiwa wawe kazini. Vieri alitangulia kufunga kwa kichwa, Wakorea wakasawazisha dakika ya 88, mpira ukaingia muda wa nyongeza, na enzi hizo kulikuwa na goli la dhahabu: atakayefunga kwanza, mechi imeisha. Mwamuzi Byron Moreno wa Ecuador akamtoa Totti kwa kadi ya pili ya njano akisema amejirusha. Kisha Tommasi akapenyezewa pasi, akampita kipa, akafunga. Kibendera juu. Ameotea, wakasema. Marudio hayakuonyesha hivyo, na mpaka leo ukimgusia Mtaliano yeyote jina la Moreno, weka kando shughuli zako kwanza. Ahn Jung-hwan akafunga dakika ya 117 na Italia ikafungasha virago.

Alizaliwa Negrar, Mei 1974, akakulia Sant'Anna d'Alfaedo, kijiji cha juu kwenye milima ya Lessinia, kaskazini ya Verona. Bonde la chini yake ni Valpolicella, kwenye mizabibu ya Amarone. Juu kule ni mawe: wanachonga vibamba vya jiwe la Lessinia na kuezekea nyumba. Watu wa huko si wasemaji. Alianza soka la kulipwa Hellas Verona mwaka 1993. Wakati wake vijana wa kiume Italia walikuwa bado wanalazimishwa jeshini, na sheria iliruhusu anayekataa silaha kwa dhamiri afanye utumishi wa kiraia. Tommasi akakataa silaha. Kwa mchezaji anayechipukia, hilo lilikuwa jambo la kutiliwa shaka na kupewa majina.

Hapa inabidi niseme kidogo kuhusu Verona, maana wengi mnaijua kwa balkoni ya Juliet tu. Mji huu una nyuso mbili. Ndiko padre Daniele Comboni alikoanzisha shirika lake la wamisionari mwaka 1867, na Waganda wazee watakumbuka kwamba Wakomboni walikuwa wakiitwa kwao Mapadre wa Verona. Gazeti lao la Nigrizia, linaloandika habari za Afrika, linatoka hapahapa. Siku moja padre mzee sana alinisimamisha mtaani Veronetta akaniuliza "Habari za asubuhi?" kwa lafudhi ya Bunia, nikabaki nimeduwaa. Huo ni uso mmoja.

Uso wa pili uko kwenye majukwaa ya uwanja wa Bentegodi. Mwaka 1996, Tommasi akiwa bado mchezaji wa Hellas, mashabiki walitundika sanamu nyeusi kama mtu aliyenyongwa, kupinga klabu kumsajili Maickel Ferrier, Mholanzi mweusi. Hakusajiliwa. Mwaka 2019 Balotelli akiwa na Brescia alibutua mpira jukwaani palepale kwa sababu ya milio ya nyani. Kati ya matukio hayo mawili kuna miaka 23. Mimi Bentegodi naenda mara chache, na nikienda nachagua nitakapokaa.

Kiangazi cha 1996 Tommasi akahamia Roma. Mwanzoni mashabiki wa huko hawakumtaka, walimzomea hasa. Hakuwa na chenga, hakuwa na pasi ya kukata ngome. Alikuwa na kile ambacho kwetu tunakiita mapafu ya mbwa. Kocha Zdeněk Zeman, ambaye mazoezi yake ni kukimbia na kupanda ngazi mpaka mtu atapike, akamng'ang'ania na kumpanga. Baadaye akaja Fabio Capello, na msimu wa 2000-01 bahati ya mwenzake ikageuka nafasi yake: Roma ilimnunua Mbrazili Emerson awe nguzo ya katikati, Emerson akaumia goti kabla ligi haijaanza. Tommasi akaingia, na hakutoka. Mbele kulikuwa na Totti, Batistuta na Montella, watu watatu ambao kurudi nyuma kukaba haikuwa kazi waliyoipenda. Nyuma yao lazima awepo anayekimbia kwa niaba ya watatu. Tarehe 17 Juni 2001 walishinda 3-1 dhidi ya Parma, na washambuliaji hao kila mmoja akafunga lake. Huo ulikuwa ubingwa wa tatu tu katika historia ya Roma. Waliomzomea sasa walimwita Anima Candida, roho safi. Timu ya taifa aliichezea mara 25 na kuifungia magoli mawili. Lile la Daejeon halimo.

Julai 2004, mechi ya kirafiki dhidi ya Stoke City, mechi isiyo na maana yoyote, rafu moja ikamharibia goti vibaya. Ndipo tunarudi kwenye ile euro 1,500. Alirudi uwanjani vuli ya 2005, akacheza, akafunga. Nimesoma watu wengi wakimfanya mtakatifu kwa mkataba ule, na mimi sikubaliani nao sana. Kuomba kima cha chini inawezekana kama umeshajenga. Kibarua wa mizabibu Valpolicella akiomba kima cha chini, anaomba kupandishwa, si kushushwa. Ninachokiheshimu ni kitu kingine: alitofautisha alichostahili jana na anachostahili leo, na akasema hivyo mbele ya mwajiri. Kwenye mpira sijui wangapi wanaweza.

Halafu angalia dunia inavyozunguka. Mwaka 2006 akaenda Levante, Hispania. Klabu ikaishiwa fedha. Wachezaji wakakaa bila mishahara, mwaka 2008 wakatishia kugoma, timu ikashuka daraja. Aliyejipunguzia mwenyewe sasa akawa hapewi kabisa, na bila shaka aliona kwamba mchezaji wa akiba, mpishi na mfua jezi wanaumia kabla yake. Kisha miezi michache QPR kule London, na 2009 akaenda China, Tianjin Teda, wakati Waitaliano walikuwa bado hawajaanza kufuata hela za huko. Alipomaliza soka kubwa alirudi kuchezea timu ya kijijini kwao Sant'Anna, ligi za mchangani. Mwaka 2015, na miaka 41 mwilini, akaonekana tena Ulaya kwenye mechi za awali za Europa League akiwa na La Fiorita ya San Marino. Mtu huyu mpira haukumwachia.

Mei 2011 alichaguliwa rais wa chama cha wachezaji, AIC, akimpokea Sergio Campana, mwanasheria aliyekiongoza tangu kilipoanzishwa 1968. Hata hajakaa vizuri kwenye kiti, mwishoni mwa Agosti akaongoza mgomo: raundi ya kwanza ya Serie A haikuchezwa. Magazeti yaliwatukana. Matajiri wanagoma! Nchi ilikuwa kwenye msukosuko wa madeni, serikali inatafuta kodi ya mshikamano kwa wenye vipato vikubwa, na vilabu na wachezaji wakavutana nani ailipe. Kwenye hilo la kodi, mimi ningewaambia wachezaji walipe wanyamaze. Lakini kulikuwa na jambo la pili ambalo mtu yeyote wa ghalani angelielewa bila maelezo. Vilabu vilitaka mamlaka ya kumtenga mchezaji na kumfanyisha mazoezi peke yake, mbali na wenzake, mpaka achoke mwenyewe aondoke kwa bei wanayoitaka wao. Nimeshaona msimamizi akimhamishia mtu kona ya mwisho, zamu mbaya, hasemeshwi, ili aandike barua ya kuacha kazi "kwa hiari". Hata ukilipwa milioni, hiyo ni hila ileile. Na wanachama wengi wa chama hicho si akina Totti, ni watu wa madaraja ya chini ambao klabu ikifilisika Novemba, Desemba hawana kodi ya nyumba.

Januari 2018, baada ya Italia kushindwa kwenda Kombe la Dunia, aligombea urais wa shirikisho la soka. Kura zikapigwa raundi baada ya raundi, hakuna aliyefikia kiwango, shirikisho likawekwa chini ya kamishna. Siasa za mpira hazikumtaka. Mwaka 2020 akaachia chama.

Ilipotangazwa anagombea umeya wa Verona kwa upande wa mrengo wa kushoto, kazini kwetu walicheka. Mji huu umezoea mrengo wa kulia, na mwaka 2019 ulipokea kongamano la kimataifa la familia lililojaa wanasiasa wa kihafidhina. Mpinzani wake, meya aliyekuwa madarakani, alikuwa Federico Sboarina. Tommasi hakujibu mapigo, hakupayuka kwenye televisheni, alizunguka mitaani na kusikiliza. Jirani yangu, mama wa Kiitalia asiyewahi kupigia kura mrengo wa kushoto, alikuwa akisema angalau huyu hapigi kelele. Ila tusipambe sana: raundi ya kwanza upande wa kulia uligawanyika, meya wa zamani Flavio Tosi akachukua sehemu yake ya kura, na kuelekea raundi ya pili Sboarina akakataa kuungana naye rasmi. Tarehe 26 Juni 2022 Tommasi akashinda kwa asilimia 53. Mafahali wawili walipigana, na wa tatu akaondoka na malisho.

Na sisi Waafrika, imetusaidia nini? Naulizwa sana. Meya wa Italia anasimamia mabasi, chekechea, masoko, ofisi ya kuandikisha wakazi, takataka. Vibali vya ukaazi si vyake, ni vya dola. Polisi wa serikali si wake. Oktoba 2024 kijana wa Mali mwenye miaka 26 aliuawa kwa risasi ya polisi kwenye stesheni ya Porta Nuova. Walisema alikuwa na kisu, amechanganyikiwa. Watu waliandamana kudai ukweli, nami nilikuwemo. Wapo waliotegemea meya wetu mpole angepaza sauti zaidi. Mimi pia nilitegemea. Upole ule uliompa kura ulinikera wiki ile, siwezi kudanganya.

Wala kura hatukumpa sisi. Mtu asiye wa Umoja wa Ulaya hapigi kura ya meya hata akilipa kodi miaka ishirini. Uraia unadai ukaazi halali wa miaka kumi mfululizo ndipo uombe, kisha kusubiri. Juni 2025 kulikuwa na kura ya maoni ya kuishusha iwe mitano, ikafa kwa sababu waliojitokeza ni kama asilimia 30 tu, na sheria inataka zaidi ya nusu.

Maombi yangu nimeshapeleka. Muhula wa Tommasi unaisha 2027. Majibu yakiwahi, hiyo ndiyo itakuwa kura yangu ya kwanza Italia, na akigombea tena, bado sijaamua kama nitampa.