Nilipoitwa mbele ya kamati ya kuhakiki madeni

Kandarasi ilikuwa ya kujenga wodi ya kujifungulia katika zahanati ya kijijini. Niliipata kupitia ile asilimia 30 ya zabuni ambayo sheria ya Kenya inawatengea vijana, wanawake na watu wenye ulemavu. Tulimaliza kabla ya uchaguzi wa Agosti 2017. Inginia wa kaunti akakagua, akatia sahihi hati ya kukamilika kwa kazi, nami nikapeleka ankara. Gavana mpya alipoingia, akaunda kamati ya kuhakiki madeni aliyoyakuta.

Siku ya zamu yangu ukumbi ulijaa wanakandarasi, wengi wao watu wadogo kama mimi. Mwenyekiti akafungua faili yangu. "Mama, kumbukumbu za kikao cha kutathmini zabuni ziko wapi?"

Kumbukumbu hizo huandikwa na maafisa wa kaunti na kuwekwa katika idara yao ya ununuzi. "Bwana mwenyekiti," nikasema, "hizo mnazo nyinyi." Akaandika kitu pambizoni. Mwisho wa meza aliketi inginia yuleyule aliyetia sahihi hati yangu. Nilimtazama nikitaraji aseme neno. Akaendelea kupekua faili nyingine. Nikaomba basi watume mtu akaione wodi, maana watoto walikuwa wameshaanza kuzaliwa mle. Nikaambiwa wao wanahakiki karatasi.

Deni langu likawekwa kwenye orodha ya yasiyostahili kulipwa.

Linaloniuma ni jinsi sheria inavyombana mmoja na kumwachia mwingine. VAT, yaani kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 16, ilitakiwa kufikia tarehe 20 ya mwezi uliofuata ankara, hela ziwe zimeingia au la. Benki iliyonikopesha, iliyoshika hati ya ploti yangu, ingeweza kuniletea dalali wa mnada. Kaunti haipelekewi dalali: mali ya serikali haikamatwi kwa deni. Hata ukishinda kesi, inabidi urudi mahakamani kuomba amri ya kumlazimisha afisa wa fedha alipe. Wakili ananieleza haya, mimi nimeshauza lori niwalipe mafundi. "Mama Amani, sisi gavana hatumjui. Tunakujua wewe," fundi mkuu aliniambia, na alikuwa na haki. Walikuwa na watoto shuleni.

Baadaye Mkaguzi Mkuu wa Serikali alikagua upya madeni ya kaunti zote 47 yaliyokuwepo kufikia Juni 30, 2018. Kati ya takriban shilingi bilioni 89 zilizodaiwa, takriban bilioni 51 zilionekana kuwa halali. Langu lilikuwa humo, kwa karatasi zilezile nilizopeleka ukumbini.

Nililipwa mwaka 2020, bei ya kandarasi tu. Sheria ya ununuzi wa umma ya 2015 inatambua riba kwa malipo yaliyocheleweshwa, na benki ilinitoza yake bila kuruka mwezi. Nimeiandikia kaunti kuidai, na bado naidai.