Nimerudi Kusini, nimekuta Kinjikitile wa jukwaani amemmeza wa Ngarambe

Mliowahi kulala Ndundu mkisubiri pantoni mtanielewa. Siku hizi unavuka Rufiji juu ya Daraja la Mkapa bila hata kuamka usingizini, na kwa hilo sina ugomvi. Ming'oko, vile viazi vya porini, bado inauzwa imechemshwa, korosho inapigwa mnada kwa stakabadhi ghalani na wakulima wanalalamika kama kawaida yao. Kilichonikera ni kingine kabisa: Kinjikitile Ngwale, yule mganga wa Ngarambe aliyegawa dawa ya maji iliyowasha Vita vya Majimaji dhidi ya Wajerumani, amebadilishwa, na hakuna aliyeshtuka.

Vijana wa Lindi na Kilwa sasa wanamsimulia hivi. Alitoka majini na neno, neno likamzidi, akaanza kulitilia shaka. Akashuhudia watu wake wakifyekwa kwa bombom, yaani bunduki za rashasha. Kisha akatiwa gerezani, akapigwa, akakataa kuyakana maji ili watoto wa kesho wasije kuambiwa kwamba babu zao walipigania uongo. Wanasimulia vizuri, tena kwa hisia. Ila huyo ni mtu wa kubuni. Ni Kinjeketile wa tamthilia ya Ebrahim Hussein ya mwaka 1969, na mwandishi mwenyewe alikwisha kutahadharisha kwamba mhusika wake ni kiumbe cha fikra: anafanana kwa matendo na yule wa historia, lakini si yeye. Utangulizi nani anausoma?

Mwanafalsafa wa jukwaani simchukii. Ana swali zito, la neno likishamtoka mtu kinywani linakuwa la nani, na anastahili kuulizwa swali hilo mpaka leo. Kinachoniuma ni kwamba shaka yake imepandikizwa kwa marehemu ambaye hakuna ushahidi kwamba alikuwa nayo. Kutoka hapo ni hatua moja tu hadi ule utani wa vijiweni: "Mzee alijua ni maji ya kawaida." Watu wanacheka. Nami nilicheka mara ya kwanza, halafu kicheko kikanikwama.

Hesabuni tarehe tu. Mwishoni mwa Julai 1905 Wamatumbi wa Nandete waling'oa pamba. Wanaotajwa kuanza ni Ngulumbalyo Mandai na Lindimyo Machela. Tarehe 4 Agosti Wajerumani walimnyonga Kinjikitile kule Mohoro. Askofu Cassian Spiss aliuawa njia ya Liwale tarehe 14 Agosti. Misheni ya Nyangao ilishambuliwa mwishoni mwa mwezi huohuo, na boma la Mahenge likavamiwa tarehe 30. Sasa huyo aliyewaona watu wake wakianguka mbele ya bombom za Mahenge ni nani, wakati alikuwa kaburini wiki tatu na zaidi? Inasimuliwa kwamba alipopelekwa kunyongwa alisema kumuua hakusaidii kitu, dawa ilishafika Kilosa na Mahenge. Mwenye shaka hasemi hivyo. Na baada yake ndugu yake alishika kazi ya kugawa dawa kwa jina la Nyamguni, bila kusita.

Tuseme basi alivyokuwa. Mwaka 1904 pale Ngarambe alipandwa na Hongo, mzimu wa majini. Akaingia kwenye kidimbwi, jamaa zake wakabaki ukingoni wakimtafuta, na kesho yake akatoka mzima, nguo kavu. Akajenga nyumba kubwa iliyoitwa Kijumba-nungu, nyumba ya Mungu, na watu wakaanza kumiminika kwa makundi. Habari zilipita kwa njwiywila, ule mnong'ono wa siri wa Kimatumbi, mtu kwa mtu, na pale Ngarambe wanaume walifanyishwa likinda, yaani mazoezi ya kivita. Kisha akawaambia jambo ambalo leo halisimuliwi: rudini, mkiamriwa kulima pamba limeni, mkiamriwa kubeba mizigo bebeni, kaeni kimya mpaka niwaambie. Huyo ni mpangaji. Wamatumbi ndio walioshindwa kungoja, na ukijua ile pamba ya mashamba ya pamoja waliyolazimishwa na Wajerumani utawaelewa: siku 28 za kazi kwa mwaka, na kuna mahali malipo ya mwaka mzima yalikuwa senti 35, wengine wakakataa hata kuzipokea.

Dawa nayo ina maelezo yake. Maji, mbegu za mbarika, mtama. Mwingine alikunywa, mwingine akanyunyiziwa, mwingine akaning'iniza kipande cha mwanzi chenye dawa shingoni. Na ilikuwa na miiko: usimkaribie mkeo, usipore mali. Mwiko wa kupora ndio wa kuangalia kwa makini, kwa sababu jeshi la wakulima likishaanza kubeba mbuzi na vitambaa halipigani tena, linahamisha mizigo. Dawa iliposhindwa, watu walisema fulani alivunja mwiko, na hivyo imani ikaendelea kutembea hata baada ya kushindwa kwa kwanza. Mkiwafundisha watoto "maji yalishindwa" bila miiko, mmewafundisha kwamba babu zao walikuwa wajinga.

Kuhusu waliokufa, Wajerumani walitaja 75,000. Gilbert Gwassa, aliyekusanya masimulizi ya wazee wenyewe, alikadiria kati ya 250,000 na 300,000, wengi kwa njaa, maana gavana von Götzen aliacha mashamba na maghala yachomwe. Ungindo, nchi ya Wangindo, kwa akina Abdallah Mapanda aliyewaongoza vitani, haukurudi ulivyokuwa. Wangindo wakaja kuhamishwa miaka ya 1940 kwa sababu ya malale, na leo sehemu ya nchi yao ni ya tembo. Endeleeni na utani wa maji.

Mnaorudi likizo na kutaka kuwaonyesha wanenu, nendeni kiangazi, Juni hadi Oktoba. Masika msijaribu, mvua za 2024 zilikata hata barabara kuu pale Somanga, sembuse ya milimani. Ingieni Njia Nne kuelekea Kipatimu, kisha Nandete, kwenye mnara wa Majimaji. Anzeni kwa mwenyekiti wa kijiji, msalimieni mzee mkae chini, simu ibaki mfukoni mpaka mruhusiwe. Muulizeni miiko kabla ya vita, kwa sababu ukianza na vita utajibiwa tamthilia. Wazee nao wameshajua wageni wanataka nini. Na msiulize kidimbwi pale Nandete. Kiko Ngarambe, upande wa Rufiji, mkoa wa Pwani, na hiyo ni safari nyingine.