Vinanda Nilivyovifanya

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa. Somo la juma hili ni Kutoka 31:1-11. Mwenye nafasi aongeze Mwanzo 4:19-22 na Amosi 6:4-6, maana tutapita huko pia.

Jumapili iliyopita, katikati ya pambio, gitaa la besi lilikata. Shingo zote zikageuka nyuma, kwa yule kijana wa mitambo, na nyingine ziligeuka kwa hasira. Akaja mbele mbio, akapiga magoti karibu na spika, akaubana waya pale unapoingia kwenye gitaa, sauti ikarudi. Alipouachia, ikakata tena. Basi akakaa hivyo hivyo, amepiga magoti, ameushika waya kwa vidole viwili mpaka pambio likaisha. Wengine walikuwa wameinua mikono juu wakisifu. Yeye wake ulikuwa chini, kwenye waya. Nilikuwa na Kutoka 31 mfukoni kwa ajili ya tafakari hii, nikajikuta namwangalia yeye tu.

Katika Kutoka 31 Bwana anamwambia Musa kwamba amemwita Bezaleli mwana wa Uri kwa jina lake, na kwamba amemjaza roho ya Mungu, “katika hekima, na maarifa, na ujuzi, na mambo ya kazi ya kila aina”. Tunavyozoea kusema, mtu aliyejazwa Roho ni yule anayehubiri, anayeomba kwa machozi, anayeimba watu wakasimama. Huyu hakuhubiri hata neno moja lililoandikwa. Alichonga mbao, akafua dhahabu, akatengeneza vyombo ambavyo wengine wangevishika wakati wa ibada: sanduku, meza, kinara, madhabahu, birika. Siku ya ibada kubwa ni Haruni aliyeonekana, na mavazi yake. Bezaleli alikuwa amekwisha kunawa mikono.

Ili nimfikirie vizuri Bezaleli, juma hili nimekaa na maisha ya mtu wa mbali kabisa: Ryo Kawasaki, mpiga gitaa na mtunzi wa muziki kutoka Japani. Simleti hapa kama shahidi wa imani. Namleta kama fundi.

Alizaliwa Tokyo, tarehe 25 Februari 1947, Vita Kuu ya Pili ikiwa haijatimiza hata miaka miwili tangu iishe. Baba yake alikuwa mwanadiplomasia mwenye miaka 58, kwa hiyo Ryo alikuwa mtoto wa uzeeni, kama Yusufu kwa Yakobo. Mama yake alikulia Manchuria, eneo la kaskazini-mashariki ya China, na alijua lugha kadhaa. Mtoto akafundishwa piano akiwa mdogo, lakini alipofika shule ya msingi moyo wake ulikuwa kwenye vitu viwili: nyota na umeme. Akawa mtoto wa kuunda redio na darubini kwa mikono yake. Akiwa na miaka kumi alinunua ukulele, lile gitaa dogo la nyuzi nne. Gitaa lenyewe alilipata akiwa na miaka kumi na minne. Sekondari akaunda kinanda cha umeme yeye mwenyewe. Akiwa na miaka 16 bendi yake ilikuwa inapiga kwa malipo kwenye kumbi za usiku, nazo si kumbi ambazo mzazi yeyote angependa kijana wake ashinde. Chuo kikuu akasoma fizikia.

Hapo ndipo fungua Mwanzo 4. Lameki alikuwa na wake wawili, Ada na Sila. Mwana wa Ada, Yubali, ndiye “baba yao wote wapigao kinubi na filimbi”. Mwana wa Sila, Tubal-kaini, ndiye mfua vyombo vya shaba na chuma. Mpiga muziki na mhunzi ni ndugu wa baba mmoja, na Maandiko yanawataja mistari miwili ikifuatana. Sisi tumewatenganisha mno. Yubali tumempa jukwaa na sare, Tubal-kaini tumempa chumba cha nyuma chenye jenereta. Kwa Kawasaki hao ndugu wawili walikaa katika mwili mmoja, na sehemu kubwa ya maisha yake ilikuwa kuwapatanisha.

Mwaka 1973 alihamia New York. Katika nyumba ya jazi, mgeni kutoka Japani akiwa na gitaa lake! Lakini hakukaa mlangoni muda mrefu. Alipiga katika orkesta ya Gil Evans, mpangaji maarufu wa muziki wa jazi, na gitaa lake limo katika rekodi waliyoifanya mwaka 1974 ya nyimbo za Jimi Hendrix, mpiga gitaa wa roki aliyekuwa amefariki miaka minne kabla. Alipiga na mpiga ngoma Chico Hamilton, na pia na Elvin Jones, yule aliyekuwa akipiga ngoma nyuma ya mpiga saksofoni John Coltrane. Mwaka 1976 albamu yake mwenyewe, Juice, ikatolewa na RCA, kampuni kubwa ya Marekani, jambo ambalo kwa mwanajazi wa Japani wakati ule lilikuwa nadra. Muziki wake ulichanganya jazi, roki na fanki. Hapa mtu mwingine angetulia. Jina limejulikana, milango imefunguka, kazi iliyobaki ni kupiga na kulipwa.

Yeye akarudi kwenye waya.

Kilichomsumbua ni hiki. Wapiga kinanda walikuwa wamepata sintesaiza, mashine inayotengeneza sauti kwa umeme: ukitaka tarumbeta unapata, ukitaka mawimbi ya bahari unapata. Mpiga gitaa alibaki na sauti ya gitaa. Kuvunja ukuta huo si rahisi, na naomba mnivumilie nieleze, kwa sababu uzuri wa kazi ya fundi uko ndani ya taabu yake. Ukibonyeza kitufe cha kinanda, mashine inajua mara moja umebonyeza kipi. Uzi wa gitaa hausemi jina lake. Mashine lazima iusikilize utetemeke kwanza, ihesabu kasi ya mtetemo, ndipo ijue ni noti gani. Uzi mnene kuliko wote hutetema kama mara 82 kwa sekunde, kwa hiyo mtetemo mmoja tu unachukua muda unaoweza kusikika kama kuchelewa. Kidole kimekwisha kupita, sauti ndiyo kwanza inakuja. Ongeza kwamba kila mpigaji ana mkono wake: huyu anavuta uzi, yule anautelezesha, mwingine anaugusa kidogo tu. Mashine ichukulie nini kuwa noti, na nini kuwa kikwaruzo cha kucha?

Kawasaki alikuwa miongoni mwa watu wa mwanzo kuhangaika na sintesaiza ya gitaa, akifanya kazi na watengenezaji wa vyombo wa Japani, na baadaye akajiundia ya kwake. Kisha mwanzoni mwa miaka ya 1980 alifanya jambo ambalo kwangu ndilo zuri kuliko yote. Alikichukua chombo hicho akaenda kupiga peke yake katika planetari, zile kumbi zenye dari la kuba ambamo taa huzimwa na nyota zikaoneshwa juu ya vichwa vya watu. Yule mtoto aliyekuwa akiunda darubini alikuwa amekwisha kupita miaka thelathini. Sasa alikaa gizani chini ya nyota, akipiga gitaa alilolifundisha mwenyewe sauti mpya.

Daudi anasema katika Zaburi 8, “Nikiziangalia mbingu zako, kazi ya vidole vyako”. Mahali pengine tunasoma juu ya mkono wa Bwana ulionyoshwa, mkono wa vita, wa kutoa watu Misri. Mbingu na mwezi na nyota Daudi anasema ni kazi ya vidole. Mtu wa vidole angeweza kuliona hilo, naye Daudi alikuwa mtu wa vidole. Tunamkumbuka kama mpigaji, aliyemtuliza Sauli kwa kinubi. Lakini katika 1 Nyakati 23:5, anapowapanga Walawi elfu nne wa kumsifu Bwana, anataja vinanda, yaani vyombo vya muziki, na kusema kwamba ni yeye aliyevifanya. Mfalme ana karakana! Wale elfu nne wangeendelea kuvipiga hata yeye akiwa amelala na baba zake.

Katikati ya miaka ya 1980 Kawasaki akalisogeza gitaa pembeni akajifunza kuandika programu za kompyuta. Mashine yake ilikuwa Commodore 64, iliyotoka mwaka 1982. Hiyo 64 ni kumbukumbu yake, kilobaiti 64. Picha moja ya harusi mnayotumiana kwenye simu isingeingia humo. Chipu yake ya sauti iliweza kutoa sauti tatu tu kwa wakati mmoja, yaani ungeipa wimbo wetu wa kwaya ingeimba soprano, alto na teno, besi akasubiri nje. Katika nafasi hiyo finyu aliandika programu nne za muziki, na jina lake likawekwa juu yake: Kawasaki Synthesizer, Rhythm Rocker, Musiquill na MIDI Workstation. Ziliuzwa kwa watu wa kawaida wenye kompyuta sebuleni. Mtu aliyepiga na Elvin Jones akakaa akiandika mistari ya tarakimu ili mtoto wa mtu fulani, ambaye hatamjua kamwe, aweze kutengeneza mdundo nyumbani kwao baada ya shule.

Huenda kuna walioona amepotea. Nawaelewa. Kanisani nasi tunahesabu hivyo hivyo: mwimbaji akiacha kusimama mbele akaanza kufundisha watoto noti, tunasema “siku hizi haonekani”. Lakini Kutoka 35:34 inasema Bwana alitia moyoni mwa Bezaleli kufundisha, yeye na Oholiabu, fundi mwenzake. Kufundisha kumewekwa ndani ya kipawa chenyewe. Na kama mnataka kujua nchi isiyo na watu hao ikoje, someni 1 Samweli 13:19. Hakuonekana mhunzi katika nchi yote ya Israeli, kwa hiyo Mwisraeli mwenye jembe butu alishuka kwa Wafilisti, adui zake, likanolewe, na akalipa. Mimi mstari ule hunikumbusha kila mara tunapopakia mikisa, ile mashine ya kuchanganya sauti, kwenye basi kwenda kutengenezwa mji mwingine, na kusubiri majuma matatu.

Hata hivyo nisiwapakie sukari. Amosi anawalilia ole watu wanaolala juu ya vitanda vya pembe, wanaokula wana-kondoo wa kundi, na miongoni mwa makosa yao anataja kwamba wanajitungia vinanda kama Daudi. Neno ni lile lile, kazi ni ile ile, jina la Daudi limo, na bado ni ole. Nimekaa na mstari huo siku tatu. Kosa lao limesemwa katika mstari unaofuata: hawahuzuniki kwa ajili ya mateso ya Yusufu, yaani ya taifa lao. Walikuwa na vinanda vipya na masikio yaliyozibwa. Kinanda hakikuwa na shida. Shida ni kwamba taifa lilikuwa likibomoka nje ya dirisha, na wao wanatafuta sauti tamu zaidi. Kamati zetu za ununuzi wa vyombo zingefaa kuusoma mstari huu kabla ya kusoma bei. Nasema hivyo nikiwa mjumbe wa mojawapo, na nilipiga kura ya ndiyo kwa spika mbili ambazo hatukuzihitaji.

Miaka iliyofuata Kawasaki alitengeneza nyimbo za dansi kwa mashine, kisha akarudi kwenye gitaa, akarekodi albamu nyingi za gitaa na jazi kama zamani. Baada ya kutunga muziki wa baleti uliochezwa Estonia, nchi ya kaskazini mwa Ulaya, akahamia huko, Tallinn, mji wa pwani ya Baltiki, akaunda bendi na wanamuziki wa pale, wengi wao wadogo kwake kwa umri. Mtoto wa Tokyo, mtu wa New York, mzee wa Tallinn.

Alifariki huko huko tarehe 13 Aprili 2020, akiwa na miaka 73. Nilipoiangalia kalenda nikashtuka kidogo. Ilikuwa Jumatatu ya Pasaka, ile Pasaka ya korona, ambayo katika miji mingi duniani milango ya makanisa ilifungwa na watu wakasikia “Kristo amefufuka” kwenye simu na kompyuta. Mchungaji alikuwa peke yake mbele ya viti vitupu, na pembeni mtu mmoja mwenye waya, akihakikisha sauti inatoka. Mara nyingi waliokuwa ndani ya jengo ni hao wawili tu.

Tuombe.

Bwana uliyemwita Bezaleli kwa jina lake, nimesali na kijana wetu wa mitambo kwa miaka miwili na nikalazimika kumuuliza mzee wa kanisa anaitwa nani. Unisamehe. Ubariki vidole vyake. Utupe pia waya mpya wa gitaa la besi kabla ya Jumapili, na moyo wa kuununua kabla ya kununua kitu kingine chochote. Kwa jina la Yesu, seremala wa Nazareti. Amina.