Nilivyofufua nyuzi za besi kwa bomba la maji na spiriti

"Nyuzi za gitaa la besi hazibadilishwi mpaka zikatike, mwanangu." Aliniambia hivyo mzee mmoja aliyepiga besi miaka mingi kwenye bendi za dansi, nami nikamtii karibu mwaka mzima. Kwa dansi hana kosa. Kwa roki, ushauri huo uliniua sauti.

Wanaoutoa hupenda kumtaja James Jamerson, mpiga besi wa Motown, kampuni ya rekodi ya Marekani, ambaye kweli hakuwa mtu wa kubadilisha nyuzi. Lakini zake zilikuwa bapa, zimezungushiwa utepe laini wa chuma, na sauti aliyoitaka ilikuwa nene na fupi. Kwenye roki kuna magitaa mawili yanayonguruma na matoazi ya ngoma juu yake. Besi isiyo na ukali inazama humo, hata ukifungua amplifaya mpaka mwisho.

Kwa jambo hili wa kusikilizwa ni John Entwistle, mpiga besi wa The Who, bendi ya roki ya Uingereza, aliyekuwa karani wa kodi London kabla muziki haujamlisha. Mwaka 1965, kwa ajili ya solo ya besi kwenye "My Generation", alinunua besi ya Danelectro kwa sababu ya nyuzi zake nyembamba zenye mlio mkali. Uzi ulipokatika, nyuzi za akiba hazikupatikana, ikambidi anunue besi nyingine nzima! Mwishowe alirekodi kwa besi ya Fender. Mwaka 1966 akashirikiana na kampuni ya nyuzi ya Rotosound kutengeneza nyuzi za waya wa mviringo, zile ambazo ukizipapasa unasikia mikwaruzo. Mlio ule wa kengele nzito aliutunza hadi alipofariki Las Vegas Juni 2002, kesho yake ziara ya Marekani ikiwa inaanza. Msingi wake ulikuwa nyuzi safi.

Ila seti moja ya nyuzi inanigharimu zaidi ya malipo ya onyesho moja, na hapa Dar es Salaam jasho na hewa ya chumvi huzimaliza ndani ya wiki tatu. Uchafu hujikusanya kati ya mizunguko ya waya, uzi unakuwa mzito sehemu moja na mwepesi nyingine, basi hautikisiki sawasawa. Kipimo ni hiki: gusa uzi juu ya freti ya 12 (freti ni vile vyuma vilivyokatiza shingo) bila kuukandamiza, upige usikie kengele yake, kisha ukandamize hapohapo na upige tena. Daraja, kile chuma kinachoshika nyuzi upande wa chini, likiwa limepangwa vizuri na bado noti hizo mbili hazikubaliani, uzi umeshachafuka.

Kwanza nilishauriwa kuzichemsha. Nilizikunja kwenye sufuria, dakika kumi, maji yakawa rangi ya chai ya rangi. Nilizifuta, nikazifunga, zikalia kama mpya, na siku ile nilifurahi sana. Mazoezi ya pili mlio ukaanza kufifia. Wiki ya pili uzi wa A ukakatika penye kigingi, kile kinachokaza uzi kichwani mwa gitaa. Nilipoufumua nikaona kiini chake kimeota kutu ya machungwa: maji yalibaki chini ya waya wa nje, mahali ambapo kitambaa hakifiki. Uzi wa E nao ule uzi wa hariri wa mwishoni ulifumuka ukawa kama ufagio. Anayekwambia uchemshe hakuwahi kungoja hiyo wiki ya pili.

Kilichofaulu ni bomba la plastiki la maji, la inchi 1, nililokata urefu wa mita 1 na sentimita 20. Chini nimegandisha kifuniko kwa gundi ya mafundi bomba, juu nimeweka kifuniko cha kuzungusha chenye utepe mweupe wa kuzuia kuvuja. Vyote havikufika robo ya bei ya seti. Nyuzi zinaingia wima, hazikunjwi, na kiasi cha nusu lita ya spiriti kinazifunika zote nne. Soma kibandiko kabla ya kununua: ikiwa na mafuta ya nyonyo, iache, maana itaacha utando juu ya waya. Na usiifungue karibu na jiko wala mvuta sigara.

Ninaziacha saa 24, nikilitikisa bomba kila ninapopita. Ukimimina unakuta tope jeusi chini kabisa. Spiriti ninaichuja kwa kitambaa cha pamba na kuitumia tena. Spiriti hukauka yenyewe hata ndani ya mizunguko, na hapo ndipo ilipoyashinda maji.

Uzi mpya usiukate kabla ya kuukunja pembe mraba penye kigingi, kwa sababu waya wa nje utateleza juu ya kiini na uzi utakufa ungali mpya. Mimi huacha sentimita 10 hadi 12 kupita kigingi, zinatosha mizunguko miwili au mitatu kwenda chini. Ninabadilisha uzi mmoja mmoja ili shingo isilegee ghafla. Saizi yangu ni 45 hadi 105, yaani unene wa nyuzi kwa elfu za inchi. Ukipanda au kushuka saizi, shingo itapinda tofauti, na skrubu yake izungushwe robo tu kwa mara moja, kisha usubiri.

Kwenye amplifaya nilipunguza sauti nzito za chini badala ya kuziongeza, nikainua sauti za kati. Chumbani inasikika kali mno, lakini bendi ikiingia inakaa mahali pake.

Seti moja ninaiosha mara tatu. Safari ya nne uzi wa E unakuwa umelika penye freti, vijishimo unavihisi kwa ukucha upande wa chini, na spiriti haiwezi kurudisha chuma kilicholiwa. Hapo ninanunua.