Sarah Brightman na ugomvi wa kipaza sauti

Mtaje mwimbaji Sarah Brightman mbele ya waimbaji wa opera uone nyuso zinavyokunjwa: bila kipaza sauti, watasema, hasikiki. Mtaje mbele ya watu wa michezo ya muziki, yaani maigizo ya jukwaani yenye nyimbo, watakwambia alibebwa na mumewe. Mimi nafundisha sauti ya kwanza kwenye kwaya, nimemsikiliza tangu enzi za kanda, na nimechoka kumtetea kwa mdomo. Leo naandika.

Hilo la mume tulimalize kwanza. Brightman, Mwingereza wa mwaka 1960, alianza kwa kucheza dansi. Akiwa na kundi la Hot Gossip alipata kibao cha disko kilichofika nafasi ya 6 Uingereza mwaka 1978. Mwaka 1981 alikuwa paka mmoja katika kundi zima la paka wa Cats, mchezo wa mtunzi Andrew Lloyd Webber. Yeye na Lloyd Webber walioana 1984, wakaachana 1990. Hapo katikati ndipo Lloyd Webber alipomwandikia nafasi ya Christine, mhusika mkuu wa kike katika The Phantom of the Opera, iliyofunguliwa London Oktoba 1986. Mchezo ulipotaka kuvuka kwenda Broadway, kwenye majukwaa makubwa ya New York, chama cha waigizaji cha Marekani kikamkataa: hajawa nyota wa kimataifa, nafasi apewe Mmarekani. Ilibidi mtunzi aahidi nafasi kubwa kwa Mmarekani katika mchezo wake utakaofuata London, ndipo mkewe akaimba New York Januari 1988.

Kwa hiyo ndiyo, alishikwa mkono. Lakini kushikwa mkono hakukuimbii noti. Nafasi ya Christine ni nguo iliyoshonwa kwa vipimo vya koo lake, na kila Christine aliyekuja baadaye amelazimika kuingia humohumo.

Sasa tuje kwenye ugomvi wenyewe. Mwimbaji wa opera haimbi kwa kipaza sauti. Anaivuka okestra nzima kwa kuujenga mlio wenye nguvu karibu na hezi 3,000, eneo ambalo vyombo havina nguvu nyingi, na kuupata mlio huo ni kazi ya miaka. Kwenye mchezo wa muziki, maiki ndogo inafichwa kwenye nywele au kwenye paji la uso. Pale unaruhusiwa kunong'ona. Unaruhusiwa pumzi isikike. Na unatakiwa kurudia hayo maonyesho nane kwa wiki, jambo ambalo mwimbaji wa opera hathubutu; yeye baada ya usiku mzito hupumzika siku mbili tatu. Ukimpima Brightman kwa kumuuliza angesikikaje bila maiki, umeuliza swali la kazi nyingine. Yeye maiki ndicho chombo chake, na anakijua kukipiga.

Sikilizeni Pie Jesu, kutoka katika misa ya wafu ya Lloyd Webber ya mwaka 1985. Anaimba na mtoto wa kiume, Paul Miles-Kingston. Mwanamke mzima akiimba na mtoto, tatizo huwa mtetemo: sauti ya mkubwa inatikisika, ya mtoto imenyooka, zikigusana zinasuguana. Brightman anaunyoosha mtetemo wake hadi karibu uishe, anapunguza na uzito wa sauti, na wanapoimba pamoja ni kama mmoja ni kivuli cha mwenzake. Waimbaji wangu wa sauti ya kwanza wakijaribu, wanaenda sawa mpaka noti ndefu. Hapo pumzi inawaishia, mtetemo unarudi wenyewe, na kila mtu anatazama dari.

Kilichonifanya nimheshimu zaidi ni baada ya talaka. Angeweza kuzeekea kwenye nyimbo za Phantom. Akahamia kufanya kazi na mtayarishaji Mjerumani, Frank Peterson, wakawa wanachanganya opera, popu na vinanda vya umeme bila kumwomba mtu ruhusa. Mwaka 1996 bondia Henry Maske alipigana pambano lake la kuaga huko Ujerumani, na wimbo wa kumsindikiza ukawa Time to Say Goodbye, Brightman na mwimbaji Mwitaliano Andrea Bocelli. Wimbo Bocelli alishauimba peke yake kwa Kiitaliano mwaka uliotangulia. Maske alishindwa pambano, wimbo ukawa miongoni mwa singo zilizouzwa zaidi katika historia ya Ujerumani. Angalieni anavyouanza: chini, taratibu, karibu na maongezi. Mwenye mafunzo ya opera pekee angeuanza na mlio mnene tayari, na mwisho wa wimbo usingekuwa na pa kupandia.

 

Mwaka 2024 alirudi kwenye mchezo wa muziki, Australia, kama Norma Desmond, nyota wa sinema aliyepitwa na wakati, katika Sunset Boulevard. Kwa sikio langu nafasi hiyo haimfai: Norma anahitaji sauti ya kifua, ile nzito ya chini, yenye kukwaruza, maneno yang'atwe, na Brightman tangu zamani ni mtu wa irabu ndefu na konsonanti za kukisia. Hapo wakosoaji wake nawapa haki yao. Ila anayetaka kuniletea ubishi kuhusu Pie Jesu, kwanza aje aimbe ile sehemu ya pamoja na mtoto, bila kutikisika, halafu tuongee.