Anko, nilie au nisilie?

Nimerudi Dar mwezi uliopita. Niliondoka 2013. Jangwani niliyoiacha, ule mtaa wa bondeni, mnaijua: vichochoro vya kupishana kwa mabega, magunia ya makopo yanapimwa kwa kilo, mama ntilie wa wali maharage hadi usiku. Leo ni uwanda mtupu. Watu wamelipwa fidia, nyumba zimevunjwa kupisha mradi wa Bonde la Msimbazi unaofadhiliwa na Benki ya Dunia. Hilo silibishi. Mto Msimbazi ukishuka na mvua kutoka Pugu haubishi hodi. Kwenye mafuriko ya Desemba 2011 nilikuwepo na kamera, watu wako juu ya mabati. Dokumentari ile ndiyo iliyonifungulia njia ya kwenda kusoma Ujerumani.

Kilichoninyima usingizi ni kijana mmoja muokota makopo, kando ya mto upande wa Kigogo. Anavua vizibo anavitia kwenye ndoo, chupa anazikanyaga kwa kisigino moja moja ili gunia libebe nyingi. Nikamwomba nimrekodi. Hakuniuliza mimi nani wala natoka wapi. Aliburuta gunia hadi penye taka nyingi zaidi, akachuchumaa, akaniangalia. "Anko, nilie au nisilie? Wale wa juzi walitaka nilie."

Nilizima kamera. Kijana yule amefundishwa, na waliomfundisha ni sisi. Mwaka ule wa mafuriko nilimwomba mama mmoja arudie kuvuka maji na godoro kichwani, kwa sababu mara ya kwanza jua lilikuwa nyuma yake, sura haionekani. Akarudia. Maji yalimfika kiunoni. Kipande hicho ndicho kilichopigiwa makofi kuliko vyote kule Ulaya, nami nikasimama jukwaani nikayapokea.

Wenzangu mnaorudi na vifaa vya bei mbaya, nawaambia kwa uchungu: kibali cha Bodi ya Filamu mtakipata, barua ya serikali ya mtaa mtaipata, na bado hamjaruhusiwa na mtu yeyote. Kaeni kwanza. Mimi sasa nakwenda Kigogo mikono mitupu, nasaidia kuvua vizibo. Kijana yule ameanza kunisimulia habari za mpira na za dada yake, mambo ambayo hakuna kamera iliyowahi kumuuliza.

Jumapili nilimtafuta yule mama wa godoro, nikampata Mabwepande, waathirika walikopewa viwanja baada ya mafuriko.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Wewe si yule wa kwenye maji?" Akanishika mkono, hakuuachia. "Picha yangu umeniletea?"

Sikuwa nayo hata kwenye simu.

Jumamosi narudi na kompyuta na spika. Amesema atatandika mkeka uani na kuwaita wote waliohama naye.