Jinsi Nilivyowatafuta Wanefi katika Magofu ya Wamaya

Mwanzoni mwa mwaka 2024, mwaka ambao waumini wa Kanisa la Yesu Kristo la Watakatifu wa Siku za Mwisho walikuwa wakijifunza Kitabu cha Mormoni, maandiko yao yanayosimulia habari za Wanefi, watu waliotoka Yerusalemu wakavuka bahari hadi Amerika, katika Shule ya Jumapili, niliombwa kulifundisha darasa la vijana jijini Nairobi. Jumapili ya pili kijana mmoja alinionyesha katika simu yake picha ya piramidi ya Palenque, mji wa kale wa Wamaya kusini mwa Meksiko, iliyoandikwa chini yake kuwa ni hekalu la Wanefi, akaniuliza, "Mwalimu, kwa hiyo Wamaya ndio Wanefi wenyewe?" Nilitamani kwa moyo wote kumjibu ndiyo. Nilimwomba anipe muda, na muda huo ukaja kuwa miezi kumi ya kusoma usiku baada ya kazi.

Majuma ya kwanza niliyapoteza kwa kukusanya mifanano. Nilikuta miji mikubwa, vita, makuhani, mti mtakatifu na mungu nyoka mwenye manyoya aliyesemekana kuwa mzungu mwenye ndevu aliyeahidi kurudi, na kila nilichokisoma nilikipatia aya yake. Daftari lilijaa, lakini nilipolisoma upya niliona kwamba kwa njia hiyo ningeweza kuwaunganisha Wanefi na taifa lolote lililowahi kujenga hekalu. Habari ya mungu mzungu, kwa mfano, inatoka katika maandishi yaliyoandikwa baada ya Wahispania kufika katika karne ya 16. Sanamu za nyoka huyo zilizochongwa kabla yao hazionyeshi mtu wa namna hiyo.

Ndipo nilipoanza upya kwa sharti moja: kila jambo liandikwe pamoja na tarehe yake, na tarehe itangulie mfanano. Kitabu cha Mormoni kinasaidia katika hili, kwa kuwa kinaeleza safari ya Lehi, baba yake Nefi, kutoka Yerusalemu yapata mwaka 600 K.K. na kinafunga habari zake mwaka 421 B.K., Moroni, mwandishi wake wa mwisho, anapoyaficha mabamba ya dhahabu yaliyoandikwa habari hizo. Piramidi ya kwenye simu ya yule kijana ni Hekalu la Maandishi, ambamo mwaka 1952 Alberto Ruz Lhuillier alikuta kaburi la mfalme K'inich Janaab' Pakal, aliyefariki mwaka 683. Kati ya Moroni na kifo cha mfalme huyo kuna miaka 262, ambayo ni sawasawa na miaka iliyopita kati ya Ibn Battuta kufika Mombasa mwaka 1331 na Wareno kuanza kuijenga Fort Jesus mwaka 1593. Hakuna mtu wa Mombasa atakayekubali kwamba Ibn Battuta alilala katika ngome ile. Kwa kipimo hicho hicho niliyaondoa mahekalu marefu ya Tikal, mji wa Wamaya huko Guatemala, ambayo ni ya karne ya 8, pamoja na Chichén Itzá, mji wa baadaye zaidi.

Nilitaka pia kujua wazo lenyewe lilitoka wapi. Kitabu cha Mormoni kilichapishwa mwaka 1830, na miaka 11 baadaye John Lloyd Stephens, akiwa na michoro ya Frederick Catherwood, alichapisha habari za safari yake ya Copán na Palenque. Waumini wa Nauvoo, Illinois, waliisoma kwa furaha kubwa, na mwaka 1842 gazeti lao liliyataja magofu ya Quiriguá, Guatemala, katika kuitafuta Zarahemla, mji mkuu wa Wanefi katika kitabu. Wakati huo hakuna mtu aliyeweza kusoma maandishi ya Wamaya wala kukadiria umri wa mawe yale, hivyo siwalaumu.

Walio makini zaidi wametafuta katika miji iliyotangulia ile maarufu, na hapo ndipo nilipokaa muda mrefu. John L. Sorenson, mwanaanthropolojia na muumini, alipendekeza mwaka 1985 kwamba "shingo nyembamba ya nchi" inayotajwa katika kitabu ni Tehuantepec, kusini mwa Meksiko, kwamba mji wa Nefi ni Kaminaljuyú, huko Guatemala, na kwamba Zarahemla ni Santa Rosa, katika jimbo la Chiapas, Meksiko. Hesabu yake ya miaka inakubalika, lakini ramani yake inataka kaskazini ya kitabu igeuzwe kwa takriban digrii 60, jambo ambalo nililisoma mara nyingi bila kuridhika nalo.

Kisha kuna jiwe namba 5 la Izapa, magofu ya Meksiko karibu na mpaka wa Guatemala. Limechongwa mti mkubwa uliozungukwa na watu, na ni la karne za mwisho kabla ya Kristo. Mwaka 1953 M. Wells Jakeman alidai kwamba ni picha ya ndoto ya Lehi ya mti wa uzima, na hata kwamba majina ya Lehi na Nefi yamo. Katika mambo yote niliyoyakuta, hili ndilo lililonigusa zaidi. Lakini jiwe limelika sana, na mchoro mpya uliotolewa mwaka 1999 haukuonyesha yale aliyoyaona Jakeman. Aliyeueleza mchoro huo, John E. Clark, ni mwanaakiolojia na ni muumini wa Kanisa hilo hilo, naye aliikataa tafsiri ya ndoto ya Lehi. Mti wa namna hiyo, pamoja na mamba aliyefanywa mizizi yake, ni wa dini ya watu wa Izapa wenyewe.

Clark aliongoza taasisi ya utafiti iliyoanzishwa mwaka 1952 kwa juhudi za mwanasheria Thomas Stuart Ferguson, ambaye aliamini kwamba ushahidi ungepatikana katika muda mfupi. Kanisa lilitoa fedha, na uchimbaji wa Chiapa de Corzo ulileta jiwe lenye tarehe ya mwaka 36 K.K., miongoni mwa tarehe za kale zaidi zilizowahi kusomwa katika bara lile. Hakuna kilichopatikana chenye jina la Mnefi, na Ferguson mwenyewe alipoteza tumaini lake katika miaka ya 1970. Mimi naiona kazi ile kuwa ya heshima, kwa sababu waliochimba waliandika walichokikuta.

Jambo moja lilinipa furaha ya pekee. Katika maandishi ya Wamaya, ambayo mtaalamu wa Kisovieti Yuri Knorozov alianza kuyafungulia njia mwaka 1952, kuna neno linalosomeka "uhti", yaani "ilitokea", ambalo huunganisha tukio na tukio. Msomaji wa Kitabu cha Mormoni atakumbuka mara moja "na ikawa". Niliisoma aya kwa sauti na kutetemeka kidogo. Hata hivyo maneno hayo yamejaa katika Biblia pia, na kila lugha yenye wasimulizi ina namna yake ya kuivusha hadithi mbele, kwa hiyo sikuweza kulihesabu kuwa uthibitisho.

Upande wa pili wa daftari ulikuwa mzito. Kitabu kinataja farasi, ngano na chuma cha pua, lakini farasi walikuwa wametoweka katika mabara ya Amerika kwa maelfu ya miaka hadi Wahispania walipowarudisha, na wakulima wa Wamaya walitegemea mahindi, maharage na maboga. (Mahindi tunayosagia unga wa ugali yalitoka Meksiko, na watu wale hawajapewa shukrani wanayostahili.) Aidha, Kanisa lenyewe halina msimamo rasmi kuhusu mahali matukio ya kitabu yalipotokea.

Kulikuwa na jambo jingine lililonisumbua. Mimi ni mtu wa pwani, na nimesoma jinsi wageni walivyosisitiza kwamba miji ya mawe ya Waswahili ilijengwa na Waarabu na Waajemi, mpaka uchimbaji wa mwanaakiolojia Mark Horton huko Shanga, kisiwani Pate, ulipoonyesha kijiji cha udongo na makuti kikigeuka polepole kuwa mji wa matumbawe mahali pale pale. Niliona kwamba nilikuwa nikiwatendea Wamaya vivyo hivyo, kwa kuwatafutia wajenzi kutoka Yerusalemu ilhali mamilioni ya wazao wao wanaishi Guatemala na Meksiko, wakizungumza lugha za jamii moja na ile iliyoandikwa katika mawe.

Jumapili ya tarehe 1 Desemba nilimpa yule kijana jibu mbele ya darasa. Nilimwambia kwamba kwa ushahidi tulio nao Wamaya ni Wamaya, kwamba sikupata jiwe hata moja linalowataja Wanefi, na kwamba imani yangu katika kitabu niliipata kwa kusoma na kusali kabla sijaisikia Palenque. Alinyamaza kidogo, kisha akauliza wale mafundi wa Chiapa de Corzo waliandikaje tarehe yao. Nikawaeleza hesabu yenyewe: siku, kisha winal ya siku 20, tun ya siku 360, katun ya tun 20 na baktun ya katun 20, zote zikihesabiwa tangu Agosti 3114 K.K. Kipindi kilikuwa kimekwisha, lakini walikataa kutoka mpaka waipate tarehe ya Jumapili ile yenyewe kwa hesabu hiyo, na walipoipata waliiandika ubaoni kwa nukta na mistari: 13.0.12.2.3.